Filamu Yangu ya Kwanza, Ambayo Sijaiona

Diploma yangu niliitundika ukutani nyumbani kwa mama, Likoni, kabla sijafungua hata sanduku la nguo. Ilikuwa na muhuri mwekundu, na jina langu limeandikwa kwa wino na mtu mwenye mkono mzuri. Mama aliitazama kwa muda, akaniuliza inasema nini.

"Inasema mwanao ni fundi wa sinema," nikamwambia. "Wa kuipiga, wa kuiosha na wa kuionyesha. Na inasema amefaulu kwa daraja ya kwanza."

"Alhamdulillahi," akasema mama. Akaenda chumbani, akaleta kipande cha kanga, akaifunika isiingie vumbi. Tangu siku hiyo kila mgeni aliyeingia mle ndani alifunuliwa diploma kwanza, ndipo akaletewa kahawa.

Sioni haya kuyaandika haya, kwa sababu sikushikwa mkono na mtu. Baba alifariki nikiwa bado nakwea minazi ya wenyewe. Wakati wa vita jeshi lilitaka madereva. Nilisema najua kuendesha, nikajifunza njiani. Huko Bara Hindi nilipewa gari la kikosi kilichokuwa kikiwaonyesha askari sinema. Siku moja mashine ilikatika mkanda wake wa mpira katikati ya picha, na mtaalamu wao amelala na homa. Nikaunga mkanda ule kwa ugwe wa kiatu changu, mashine ikaenda hadi mwisho. Baada ya hapo sikushika usukani tena ila nilipopenda mwenyewe. Vita vilipokwisha, wenzangu walikaa kambini wakisubiri meli. Mimi niliomba ruhusa, nikabaki Bombay, nikaingia chuo cha sinema kwa akiba yangu. Darasani Mwafrika nilikuwa peke yangu, na katika mtihani niliwaacha wengi nyuma.

Niliporudi, serikali ilikuwa na gari la sinema kwa upande wetu wa pwani, na haikuwa na mtu wa kuitengeneza mashine ikiharibika. Niliitoa diploma ukutani nikaenda nayo. Nikapewa gari, mashine, jenereta, nguo nyeupe ya kuonyeshea, na orodha ya mahali pa kwenda: Likoni, Changamwe, na Kisauni na vitongoji vyake. Filamu zenyewe zilikuwa za mbu, za choo, za kupiga mswaki, na moja ya ng'ombe wa Ulaya. Haikupita miezi mingi watu wa Mjambere, upande wa Kisauni, wakawa wanayasema maneno ya filamu ya mbu kabla mbu mwenyewe hajatokea.

Hapo ndipo nilipoianza kazi yangu. Naiita yangu kwa kuwa hakuna aliyenifundisha. Hata Bombay hawakuwa nayo. Filamu ya choo niliiendesha kinyumenyume, choo kikabomoka jiwe moja moja hadi ardhi ikawa nzima, nami nimesimama kando ya nguo nikimsihi fundi, "Usibomoe, bwana, watu watakwenda wapi?" Kisauni walicheka hadi wakashikana. Filamu ya mbu sikuionyesha juu ya nguo. Niliwasha makumbi ya nazi nikaionyesha juu ya moshi, na mbu, mkubwa kama mbuzi, akawa anawajia watu wa mbele. Mzee mmoja wa Mkomani alimpiga bakora. Ng'ombe wa Ulaya nilimwonyesha mgongoni mwangu, nimevaa kanzu nyeupe iliyopigwa pasi. Nikitembea, anatembea nami.

Sifa zilifika Nairobi kwa mkubwa wetu wa idara, Mzungu mrefu aliyependa kuzungumza akitazama dirishani. Aliposhuka Mombasa aliniita.

"Nasikia unachezea filamu za serikali."

"Nimeongeza watazamaji, bwana," nikamjibu. "Zamani walikuwa wakiondoka kabla ya mwisho."

Akaligeukia dirisha, akaniambia kwamba idara itachukua Mwafrika mmoja wa kupiga filamu, siyo kuzionyesha tu. "Nitarudi mvua zikipungua. Unionyeshe filamu uliyoipiga mwenyewe. Ikiwa nzuri, utapewa kamera na filamu za kutosha, na gari utamwachia mwingine. Ikiwa si nzuri, wewe na mbu wako mtazeeka pamoja."

Kamera nilikuwa nayo, ndogo, ya kutiwa ufunguo kama saa, niliyoinunua kwa askari mmoja aliyekuwa akirudi kwao. Filamu tupu ya kupigia nilikuwa nayo moja tu, ndani ya mkebe uliofungwa tangu Bombay. Ilikuwa ya dakika tatu hivi. Kuagiza nyingine kungechukua miezi, na mkubwa asingengoja. Kwa hiyo nilikuwa na dakika tatu za kuyabadilisha maisha yangu, na nilizunguka siku nyingi nikifikiri nizitumie wapi. Feri? Kila mtu ameiona feri. Wachukuzi bandarini? Mkubwa alikuwa na picha zao ukutani kwake.

Ndipo alipokuja shangazi.

Shangazi, dada yake baba, alikuwa kungwi. Yeye ndiye aliyewafunda wasichana kabla hawajaolewa, na ndiye aliyeongoza chakacha siku za harusi, huko uani ambako mwanamume haingii. Wanawake hucheza wenyewe kwa wenyewe, na katikati ya ngoma mmoja huvaa kanzu na kofia akawaigiza wanaume: mume wake, karani wa feri, dereva wa basi, yeyote aliyewaudhi au kuwachekesha mwaka huo. Sisi wanaume tulijua kwamba tunaigizwa. Namna tunavyoigizwa ndiyo tusiyoijua.

Mwaka huo binti yake alikuwa akiolewa na kijana wa reli, Changamwe. Shangazi aliingia nyumbani kwetu akiwa ameshika magoti.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Hebu nifunulie hiyo diploma yako." Nikaifunua. Akaitazama kama anayetazama kitambaa dukani. "Hii yasema waweza kumweka mtu anayecheza, kisha akacheza tena na tena na mwenyewe hayupo?"

"Naam. Hata akiwa amekufa."

"Usiniharakishe. Magoti yangu yamekwisha, baba. Harusi ya mwanangu ndiyo nitakayocheza, na baada yake sichezi tena. Wasichana wa sasa nawaonyesha leo, kesho wamesahau. Nataka nibaki, wanitazame mimi mwenyewe, wasinitazamie kwa mtu."

Chakacha ya shangazi! Hakuna mkubwa wa idara yoyote aliyewahi kuiona, wala mwanamume yeyote. Nikamwambia ni jambo jepesi.

"Jepesi? Wewe huingii uani."

"Kamera atashika dada." Dada yangu, aliyenizidi miaka miwili, alikuwa akiishi kwa mama na kushona kofia za kutoboa. Mikono yake haikuwa na mfano Likoni nzima.

"Haya. Na ikishapigwa?"

"Inaoshwa kwa dawa, gizani, ndipo picha zinatoka."

"Inaoshwa na nani?"

"Na mimi."

"Ukiiosha utatuona."

"Kidogo tu, shangazi. Vijipicha kama ukucha, tena mmelala ubavu."

"Hata tukiwa tumelala ubavu. Ataiosha dada yako."

"Shangazi, mimi nimesomea kuosha mwaka mzima!"

"Basi yeye mfundishe kwa wiki mbili. Ana akili." Akainua kidole. "Na ikikauka itakaa kwangu. Mwanamume asiione. Sema wallahi."

Nikasema wallahi. Niliisema kwa ulimi. Moyoni nilikuwa nimeshapanga kwamba filamu ikitoka, na wanawake wakafurahi, nitambembeleza shangazi hadi alegee, kwa sababu tangu utotoni hakuwahi kuninyima kitu. Hili ndilo kosa langu katika habari hii, na nililifanya nikiwa mtu mzima mwenye elimu.

Dada nilimfundisha barazani kwa kamera tupu. Nilimwonyesha kutia ufunguo, kupima jua, kuchagua mtu mmoja na kukaa naye badala ya kurukaruka. "Usitikisike," nikamwambia.

"Mimi natoboa kofia kutwa bila kujichoma, wewe ndiye wa kunifundisha kutotikisika?" Alishika kamera kifuani, akavuta pumzi, akatulia kama nguzo. Nimefanya kazi na wapiga picha wengi baada ya hapo. Wachache walitulia vile.

Kwa kuwa kamera yangu ilitaka jua, shangazi alikubali ngoma ipigwe alasiri. Siku ya harusi niliketi barazani pamoja na wanaume wengine, migongo yetu imeegemea ukuta wa ua. Ngoma ilianza. Vigelegele vikapanda, makofi yakaingia, halafu pakawa kimya. Katika kimya kile nikasikia mtu akikohoa, kikohozi kifupi cha mtu anayetaka kusema jambo kubwa. Nilikijua kikohozi kile. Ndivyo ninavyokohoa mimi kabla ya kuwahutubia watu mbele ya nguo nyeupe. Kicheko kilicholipuka uani kiliwatoa kunguru juu ya mnazi.

"Leo ni nani?" akauliza mzee aliyeketi karibu nami.

"Nadhani ni mimi."

"Pole, yakhe," akasema, akanipiga begani. "Mwaka jana nilikuwa mimi."

Kuiosha kulifanyika nyumbani kwa shangazi, katika chumba kisicho na dirisha, nyufa zimezibwa kwa matambara. Dawa hutaka maji ya baridi. Joto letu huweza kuyeyusha uso wa filamu ukabaki utepe mtupu. Bombay tulitia barafu. Mimi niliweka maji katika mitungi miwili, nikaifunga magunia yaliyoloweshwa, nikaiweka penye upepo tangu alfajiri, na maji yakawa baridi kama yale ya chuo. Hilo halimo katika kitabu chochote, nimelivumbua mimi.

Tatizo lilikuwa saa. Gizani hawaioni. Nikashauri wahesabu kwa tasbihi.

"Tasbihi kwa mambo ya kiuno?" shangazi akafoka kutoka ndani. "Astaghfirullahi! Toka mlangoni!"

Basi wakatumia wimbo wa kutwangia mahindi. Mimi nje na saa yangu nilipima wimbo mmoja unachukua muda gani, nikawaambia kila dawa ipewe nyimbo ngapi. Nilikaa nje ya mlango uliofungwa, mwenye diploma wa pekee katika pwani yote kwa nijuavyo, nikiwasikiliza wanawake watatu wanatwanga bila kinu: shangazi, dada na mama.

"Imekuwa nyeupe kama tui!" akapiga kelele dada baada ya dawa ya pili, walipowasha taa kama nilivyowaagiza.

"Ndivyo! Endelea na dawa ya tatu!"

Baadaye nikasikia, "Lo! Mama, njoo uone!" Kisha kimya.

"Vipi? Imeharibika?"

"La," akasema dada kwa sauti ambayo sijawahi kuisikia kwake. "Wewe ondoka tu mlangoni."

Siku ya tatu walionyeshana wenyewe, katika chumba kikubwa cha shangazi, madirisha yamezibwa. Nilimfundisha dada kuvisha mashine filamu kwa kutumia mkanda wa filamu ya mbu, kisha nikatoka, nikakaa garini kuangalia jenereta. Waliionyesha mara tano mfululizo. Mara ya pili nilianza kutambua kwamba vicheko vinaanguka mahali palepale. Mara ya nne nilikuwa naijua filamu yangu kwa masikio: vigelegele, makofi ya pamoja, kicheko kimoja kikubwa, vicheko vidogo vinavyofuatana, kisha mwishoni kimya kirefu ambacho ndani yake mtu mmoja alikuwa akivuta kamasi.

"Pale mwisho pana nini?" nilimwuliza dada.

"Pale shangazi anapiga goti, na goti linakataa kuinuka," akasema. "Mwanawe anakwenda kumwinua, na bado wote wawili wanacheza."

Nilijua papo hapo kwamba hiyo ndiyo filamu itakayonipa kazi.

Shangazi aliuweka mkebe katika sanduku lake la nguo, ameuzungushia uzi wa kushonea na kuufunga fundo lake. Ufunguo wa sanduku alipewa dada, kwa kuwa dada ndiye fundi wa mashine upande wa wanawake. Harusi ikapita, bibi harusi akahamia Changamwe kwa mumewe. Mvua zikapungua. Nikamwandikia mkubwa kwamba filamu ninayo, na jibu likafika kwamba atakuja Ijumaa ya wiki ijayo, atatazama onyesho la alasiri katika ghala moja la Changamwe na kuondoka na treni jioni hiyo hiyo.

Nilikwenda kwa shangazi na kilo ya sukari.

"Mzungu mmoja tu, shangazi. Hawajui, wala hatawajua. Akitoka hapo anapanda treni."

"Ana macho?"

"Anayo."

"Ni mwanamume?"

"Ndiyo."

"Basi umekwisha jijibu."

"Shangazi, maisha yangu yako ndani ya mkebe ule."

"Na ya mwanangu yamo pia." Hakupandisha sauti. "Mumewe akisikia kiuno cha mkewe kimewekwa ukutani mbele ya watu wa reli, atanirudishia. Nami nitawaambia nini wakwe zangu? Kwamba binamu yake alikuwa na diploma?"

Sukari aliipokea. Mkebe hakunipa. Nilirudi nyumbani nikiwa na hasira, naandika ukweli, nikijiambia kwamba hawa ni watu wasioelewa kitu kikubwa kikiwa mbele yao.

Alhamisi dada aliingia nikifuta lenzi. Alitoa mkebe ndani ya mfuko wake wa kofia, akauweka mezani. Shangazi alikuwa amelala kwa jirani aliyejifungua.

"Chukua," akasema.

Sikuugusa kwanza. "Kwa nini?"

"Kwa sababu nimeipiga mimi. Nikaiosha mimi. Na mimi pia nataka ionekane na watu." Akashika kiuno. "Lakini ukiionyesha, wewe ndiye utakayekwenda kumwambia shangazi. Si mimi."

Usiku sikuufungua. Niliulaza chini ya mto.

Ghala la Changamwe lilinukia kopra, zile nazi zilizokaushwa. Tuliziba madirisha kwa magunia hadi ndani pakawa giza la kutosha, tukaisimamisha nguo nyeupe upande wa mlangoni, na jenereta likabaki nje. Watu wa reli walikuja na nguo za kazi, wake zao na watoto wakaketi nyuma kwenye mikeka. Mkubwa aliwekewa kiti. Nilikuwa nakaza mashine mezani nikasikia sauti mstari wa mbele.

"Huyo! Huyo ndiye shemeji yangu! Ana diploma ya Bombay, mwulizeni mtu yeyote!"

Alikuwa mume wa binamu yangu, kijana mwenye meno mapana, amewaleta wenzake wote wa karakana. Alikuja kunisalimu kwa mikono miwili, kisha akanipa bakuli lililofunikwa kwa sahani.

"Vitumbua. Mwenyewe yuko nyuma kule na wenzake wa Likoni. Amesema bakuli ulirudishe kwa mkono wako, usimpe mtu."

"Mwambie ahsante."

"Leo utatuonyesha nini, shemeji? Wenzangu nimewaambia kwamba ni kitu ambacho hawajapata kukiona."

"Subiri utaona," nikamwambia.

Nilionyesha mbu kwanza, kwa adabu, juu ya nguo. Kisha nikaukata uzi wa mkebe, nikaivisha filamu kwenye mashine. Mwanzoni pana kipande kitupu cha kushikia, kama pima moja, urefu wa mikono iliyonyooshwa. Hicho nilikiona, hakina kitu. Kidole changu kilikuwa kwenye swichi. Mkubwa alikuwa amekunja mguu. Shemeji alikuwa ameinua kidevu kama mtoto anayengoja halua, na alikuwa karibu nami kiasi kwamba mwanga wa kwanza ungempiga kisogoni.

Niliivua filamu, nikairudisha mkebeni, nikaufunga uzi.

Kisha nikawasha taa ya mashine bila filamu. Juu ya nguo pakatokea mraba mweupe.

"Imekatika!" wakapiga kelele. "Fundi, imekatika!"

Niliingia ndani ya mwanga. Kivuli changu kilipanda hadi kwenye mapao ya paa. Sikuwa nimepanga jambo lolote. Ila nilikuwa naijua ile filamu kwa masikio, dakika zake zote tatu, nikaamua kuonyesha kile ninachokijua. Nilivuta sanduku la kopra, nikaketi, nikakiegemeza kivuli changu pembeni ya nguo kama mtu aliyeegemea ukuta wa ua. Nikatega sikio. Mstari wa mbele ukatulia. Nikajifanya nasikia vigelegele, nikatabasamu kama mtu mzima asiyetaka ionekane kwamba anataka kujua. Nikanyoosha shingo. Nikajishika. Nikatazama huku na huku.

"Ni barazani!" mtu akasema gizani. "Huyu yuko barazani!"

"Ni wewe huyo!"

"Ni sisi sote!"

Kila mwanamume aliyekuwa mle aliwahi kukaa kwenye baraza ile, mgongo ukutani. Nyuma, kwenye mikeka, kigelegele kikapasuka, cha kweli, mahali pake hasa. Kisha makofi ya pamoja. Wanawake wa Likoni waliokuwa uani siku ile walikuwa wameitambua filamu. Walinipa sauti yake yote, moja baada ya nyingine, bila mimi kuwaomba. Ilipofika zamu ya kikohozi, nikakohoa, kisha nikashtuka kama mtu aliyesikia anaigizwa. Shemeji alicheka hadi akaanguka juu ya mwenzake. Sauti ya mkewe niliitambua nyuma kabisa, ikicheka kuliko zote.

Mwishoni niliinuka, nikaliweka sikio langu kwenye nguo nyeupe, na kivuli kikaweka sikio lake juu ya langu. Wanawake wakanyamaza. Nikakaa hivyo kwa muda uleule wa kile kimya kirefu. Halafu nikazima.

Watu walipokwisha kushangilia, mkubwa alinijia akiwa ameshika kofia.

"Umenichekesha. Sasa filamu iko wapi?"

"Hakuna, bwana."

"Uliandika kwamba unayo."

"Ninayo. Haionyeshwi kwa wanaume."

Alinitazama, akalitazama dirisha lililozibwa kwa gunia. Alisema hilo hawezi kuliandika katika ripoti. Nafasi ile alipewa kijana wa bara aliyepiga filamu ya mifereji ya shambani. Nimeiona, ni safi, ila haina mtu ndani yake. Mimi nilibaki na gari na mbu. Lakini tangu siku ile kila onyesho langu nililimaliza kwa mwanga mtupu, Kisauni na Mjambere na kwingineko, na watu walitembea kutoka mbali kuufuata. Kazi hiyo nimeifanya hata nje ya nchi, na popote nilipoulizwa filamu yangu ya kwanza ni ipi, nimeitaja ile ya shangazi. Dada aliniambia mimi mwoga, akaninunia wiki mbili.

Jumamosi asubuhi, bakuli likiwa limesharudi kwa mwenyewe, niliupeleka mkebe kwa shangazi. Nilimpa kwa mikono miwili. Aliugeuza, akaushika uzi kwa kucha.

"Fundo hili si langu."

"Si lako, shangazi."

Aliuweka mapajani.

"Umeiona?"

"Nimeona pima moja ya mwanzo. Haina kitu."

"Wallahi?"

"Wallahi." Safari hii niliisema yote.

Alinitazama usoni kwa muda ambao sikuupenda. Kisha akaufungua ule uzi wangu, akaufunga upya kwa fundo lake, akauweka mkebe kando.

"Mwanangu amekuja jana usiku na mumewe kunihadithia," akasema. "Amesema ulikohoa."

"Nilikohoa."

"Ulikohoaje?"

Nikakohoa. Shangazi akatikisa kichwa, kama vile nimemharibia mchuzi.

"Sivyo. Wewe huanzi kwa kukohoa. Huanza kwa kupandisha mkanda wa suruali, ndipo unakohoa." Alishika ukingo wa kitanda, akajiinua kidogo kidogo hadi akasimama, magoti yakilia, akatoa kifua mbele na kushika mkanda ambao hakuwa nao kiunoni. Kwa nukta moja nilijiona mimi mwenyewe mle chumbani, nimesimama mbele ya watu. "Umeona? Haya, wewe sasa."

Nikasimama, nikaupandisha mkanda wangu.

"Ndiyo," akasema shangazi. "Sasa kohoa."